Bodi mbili, shule moja ya Kiislamu: nani msimamizi halali?

Swali: Shule yetu ya sekondari ya Kiislamu, huku Tanzania Bara, ilijengwa na waumini wa msikiti mmoja kwenye kiwanja alichokitoa mzee ambaye sasa ni marehemu. Mwaka jana mkutano wa waumini ulichagua bodi mpya ya wadhamini. Bodi ya zamani inasema mkutano ule ni batili na imegoma kutoka. Sasa kuna wakuu wa shule wawili, benki imezuia akaunti, na watoto wa marehemu wanadai kiwanja ni chao. Mimi ni katibu wa bodi mpya. Tufungue kesi wapi, na dhidi ya nani?

Jibu: Ndugu katibu, kwa sasa msifungue kesi yoyote. Ulichokieleza ni migogoro minne iliyofungwa kwenye fundo moja, na kila mmoja una ofisi yake, karatasi zake na chombo chake cha kuuamua. Kesi nyingi za namna hii hutupwa kabla hazijasikilizwa kwa sababu mtu amekwenda kudai uongozi akiwa na hati ya kiwanja mkononi, au amekwenda kudai kiwanja akiwa na muhtasari wa uchaguzi. Ifungueni kamba kwanza, kisha ndipo mtajua wa kumshtaki ni nani.

Mgogoro wa kwanza ni wa wadhamini, na ndio mama wa mengine yote. Msikiti wenyewe, kamati yake au shule yake, kwa kawaida si mtu mbele ya sheria: haviwezi kumiliki, kushtaki wala kushtakiwa kwa majina yao. Anayeweza ni bodi ya wadhamini iliyosajiliwa chini ya Sheria ya Muunganisho wa Wadhamini, Sura 318. Ikishapewa cheti, bodi hiyo inakuwa na lakiri yake, yaani muhuri wake rasmi, na uhai usiokatika hata wajumbe wakifa au wakibadilishwa. Wajumbe ni watu wanaopita. Bodi ni ileile. Kwa hiyo, kisheria, hapo kwenu hakuna bodi mbili. Kuna bodi moja, na makundi mawili ya watu yanayogombea viti vyake. Andikeni hivyo katika kila barua kuanzia leo, kwa sababu mkijiita "bodi mpya" mnampa wakili wa upande wa pili nafasi ya kuuliza cheti cha bodi hiyo mpya kiko wapi.

Daftari la wadhamini liko kwa Kabidhi Wasii Mkuu, katika Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini, yaani RITA. Ombeni upekuzi, yaani kuangalia kumbukumbu za jalada, kwa maandishi, mkitaja jina kamili la bodi kama lilivyo kwenye cheti. Mnachotafuta ni tarehe ya usajili, katiba iliyowekwa kule siku ya usajili na marekebisho yake yote, majina ya wadhamini wanaotambuliwa hadi leo, marejesho ya mwisho (taarifa ambazo bodi huwasilisha RITA), na kila barua ya kubadilisha wajumbe iliyopokelewa. Ombeni nakala zilizothibitishwa, maana fotokopi tupu itawaletea pingamizi siku ya kuitoa kama kielelezo. Mkikuta majina ya zamani bado yako pale kwa sababu uchaguzi wa mwaka jana haukupelekwa kusajiliwa, msishangae. Hilo ndilo linalokutwa mara nyingi. Watu huchagua, hupiga dua, huenda nyumbani, na jalada la RITA linabaki na majina ya watu ambao wengine wameshafariki. Hapo benki na wizara haziwezi kulaumiwa kwa kuwatambua wa zamani: zinasoma kilichoandikwa.

Isomeni katiba hiyo mstari kwa mstari, na muwe na uhakika ni ile iliyoko RITA. Ile inayozunguka msikitini inaweza kuwa rasimu ambayo haikupitishwa. Maswali ya kuiuliza ni machache lakini yote ni mazito. Nani ana mamlaka ya kuitisha mkutano mkuu? Taarifa hutolewa siku ngapi kabla, na kwa njia gani? Akidi ni ngapi? Wadhamini huchaguliwa na mkutano mkuu, au huteuliwa na baraza la masheikh au chombo cha juu cha kidini? Muda wao ni miaka mingapi, na mmoja akifa au akijiuzulu nani anajaza nafasi? Mkutano ulioitishwa na mtu asiye na mamlaka ya kuuitisha una kasoro tangu mzizi, hata kama walihudhuria watu elfu moja na wote wakanyoosha mikono. Hili linawauma waumini wengi, nami naelewa kwa nini: wao ndio waliochanga matofali. Lakini mahakama haihesabu michango, inatazama katiba.

Kuna jambo moja ambalo katiba nyingi za misikiti zimeliacha wazi, nalo ndilo huzaa mapigano: nani ni mwanachama. Ikiandikwa tu kwamba wadhamini watachaguliwa na "waumini wa msikiti", basi kila anayeswali pale Ijumaa ni mpiga kura, na kila upande unaweza kuleta mabasi. Kama hamna daftari la wanachama, hakuna mkutano utakaomaliza ubishi huu, ule wa mwaka jana wala mwingine mtakaouitisha kesho. Mkipata nafasi ya kukaa na wenzenu, la kwanza kukubaliana liwe daftari: nani anaandikwa, kwa kigezo gani, hadi tarehe gani. Mgombea aje baadaye.

Sasa muhtasari wa ule mkutano. Wewe ni katibu, kwa hiyo utaulizwa wewe. Utoe kwenye jalada uutazame kama atakavyoutazama hakimu. Muhtasari unaosimama una tarehe, mahali na saa ya kuanza. Umetaja taarifa ya kuitisha ilitolewa lini na nani. Ajenda zake ndizo zilizokuwa kwenye taarifa hiyo. Idadi ya waliohudhuria inalingana na sahihi. Kura zimeandikwa kwa tarakimu, za ndiyo, za hapana na zilizoharibika. Na mwenyekiti na katibu wametia sahihi kwa tarehe. Muhtasari unaoanguka una orodha ya mahudhurio kwenye karatasi ya pembeni isiyo na kichwa wala tarehe, majina mfululizo yenye mwandiko mmoja, na uchaguzi wa wadhamini uliofanyika chini ya "mengineyo" wakati taarifa ilisema mkutano ni wa kujadili ukarabati wa bweni. Kama wenu ni wa aina hiyo, usiuguse. Usiongeze sahihi, usiuchape upya, usirudishe tarehe nyuma. Kasoro ya uchaguzi hurekebishwa kwa kuitisha mkutano mwingine kwa utaratibu; hati ya kughushi ni kosa la jinai litakalokufuata wewe mwenyewe, si bodi.

Mgogoro wa pili ni wa usajili wa shule. Chini ya Sheria ya Elimu, Sura 353, shule isiyo ya serikali husajiliwa na Kamishna wa Elimu ikiwa na mmiliki na meneja waliothibitishwa. Angalieni cheti cha usajili. Namba ya shule ya sekondari huanza na S. Msiichanganye na namba ya kituo cha mtihani ya Baraza la Mitihani, ambayo nayo huanza na S. Kisha ulizeni kwa barua, mkianzia kwa afisa elimu wa halmashauri, jalada la shule linaonyesha nani mmiliki na nani meneja. Mara nyingi mmiliki ni bodi ya wadhamini, lakini meneja ni jina la mtu, na mtu huyo anaweza kuwa aliondoka zamani. Kubadilisha meneja ni ombi la kiutawala linaloambatana na kikao halali cha mmiliki. Wizara haitawachagulia wadhamini. Itasubiri RITA au mahakama iseme, na ni haki isubiri, kwani Katiba ya nchi katika ibara ya 19 inaweka uendeshaji wa jumuiya za dini nje ya shughuli za mamlaka ya nchi. Mamlaka ya elimu inahusika na mitaala, walimu, usalama wa wanafunzi na viwango vya shule.

Ikiwa shule yenu ina mizizi ya kabla ya 1970, ongezeni upekuzi mmoja zaidi. Baada ya Sheria ya Elimu ya 1969, serikali ilizichukua shule za mashirika ya dini zilizokuwa zikipata ruzuku yake. Nyaraka za umiliki za kabla ya hapo haziwezi kutegemewa bila kujua kilichofuata.

Kiwanja ndicho mgogoro wa tatu, na hapa ningewaomba mwende taratibu kwa sababu mnashughulika na familia ya mfadhili wenu. Swali lenyewe ni hili: marehemu aliweka wakfu, alitoa zawadi, aliuza, au aliazima tu? Kama ni wakfu, mali imetoka mikononi mwake kwa ajili ya lengo alilolitaja. Hairithiwi na haiuzwi. Msimamizi wa wakfu, hata akiwa mwanawe, anaitunza tu. Kama aliazima, warithi wana hoja. Ushahidi wa wakfu ni hati yenye sahihi ya marehemu na mashahidi. Hati isipokuwepo, tafuteni walioshuhudia akitamka maneno ya kuweka wakfu, barua zake kwa kamati, na mwenendo wa miaka yote: nani alilipa kodi ya ardhi, nani alijenga, je marehemu aliwahi kudai pango. Fanyeni upekuzi katika ofisi ya ardhi kujua hati imeandikwa jina la nani. Ikiwa bado ni jina la marehemu, itabidi mshughulike na msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, na si kila mtoto atakayepiga hodi. Mtoto asiye na barua za usimamizi hana mamlaka ya kuidai mali ya marehemu wala ya kusaini makubaliano juu yake, kwa hiyo msimlipe mtu "kifuta jasho" kabla hajawaonyesha barua hizo.

Mgogoro wa ardhi husikilizwa na Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya au Mahakama Kuu, kutegemea thamani. Mgogoro wa uongozi wa wadhamini ni shauri la madai la kawaida. Mkichanganya yote kwenye hati moja ya madai, mtapokea pingamizi la awali kuhusu mamlaka ya chombo, na mnaweza kupoteza mwaka mzima mkibishana kama mko kwenye chumba sahihi. Kama ugomvi na familia hauhitaji kuamuliwa leo, uacheni nje. Ukomo wa kudai ardhi ni miaka 12. Madai ambayo Sheria ya Ukomo, Sura 89, haikuyapangia muda wake mahususi yana miaka 6. Hamko mbioni.

Kabla ya mahakama, tumieni vyombo vya ndani. Kama katiba inasema mgogoro upelekwe kwanza kwa baraza la wazee, kwa sheikh wa wilaya au kwa chombo cha juu, nendeni huko na mpate majibu ya maandishi. Kuruka hatua hiyo ni sababu tosha ya kuambiwa shauri limeletwa mapema. Upatanishi wa masheikh una nguvu kubwa ukiandikwa na kusainiwa na pande zote. Jambo moja tu lieleweke: Tanzania Bara haina Mahakama ya Kadhi iliyo ndani ya mhimili wa mahakama, tofauti na Zanzibar, ambako pia mali za wakfu ziko chini ya Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana. Uamuzi wa kadhi kwa upande wa Bara unabeba uzito wa kidini na wa maridhiano, lakini dalali wa mahakama hawezi kuutekeleza. Pelekeni pia malalamiko RITA yakiwa na vielelezo. Kabidhi Wasii Mkuu anaweza kuwaita mezani, na barua yake ya kusema anamtambua nani itawasaidia kuliko mihadhara kumi.

Ikibidi kushtaki, swali la kwanza ni mdai ni nani. Hapa kuna mtego ambao karibu kila mgogoro wa aina hii hunaswa nao. Makundi yote mawili yanadai kuwa ndiyo bodi, kwa hiyo yote mawili yatataka kutumia jina la wadhamini waliosajiliwa. Kundi ambalo majina yake hayako RITA likishtaki kwa jina la bodi, litaulizwa: azimio la kufungua kesi lilipitishwa kikao gani? Kama majina yenu bado hayajasajiliwa, njia salama zaidi ni wanachama wachache kushtaki kwa niaba ya wenzao. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura 33, Amri ya I kanuni ya 8, inaruhusu hilo, lakini kibali cha mahakama hutangulia: mnapeleka ombi lenye kiapo, mnaambatanisha orodha ya mnaowawakilisha yenye sahihi zao, na mahakama inaagiza waarifiwe, mara nyingi kwa tangazo la gazeti. Kesi ya uwakilishi iliyofunguliwa bila kibali hiki huondolewa mahakamani.

Wadaiwa wawe wajumbe wa zamani kwa majina yao binafsi, pamoja na bodi yenyewe kwa jina lililo kwenye cheti, herufi kwa herufi. Neno moja likikosewa katika jina la wadhamini, mmemshtaki asiyekuwepo. Shule yenyewe msiishtaki, na mkuu wa shule msimshtaki kwa cheo chake.

Kama mnachopinga ni uamuzi wa RITA au wa Kamishna wa Elimu, njia ni nyingine kabisa. Mapitio ya mahakama, yaani mahakama kuchunguza kama uamuzi wa ofisi ya umma ulifuata sheria, huombwa Mahakama Kuu, nako hutangulia ombi la kibali, ndani ya miezi 6 tangu uamuzi utolewe. Mkitaka kuishtaki ofisi ya serikali kwa madai ya kawaida, inatakiwa notisi ya siku 90, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, naye lazima aunganishwe kama mdaiwa. Shauri hufunguliwa Mahakama Kuu. Watu humuunganisha ofisa wa serikali kwenye kesi ya ndani ili tu kuipa uzito, kisha kesi nzima inaanguka kwa kukosa notisi. Kama hamna ugomvi naye, msimguse. Na mnaposoma vifungu, angalieni mnasoma toleo gani, kwa sababu Toleo la Urekebu la 2023, yaani chapa mpya ya sheria za nchi, limebadilisha namba za vifungu katika sheria kadhaa.

Zuio la muda, yaani amri ya mahakama ya kuzuia jambo hadi kesi iamuliwe, nitalieleza zaidi kidogo, kwa sababu ndilo linaloamua maisha ya shule wakati kesi inaendelea. Masharti yake yanafahamika tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969: kuwe na hoja nzito ya kuamuliwa, mwombaji awe katika hatari ya kupata hasara isiyofidika kwa fedha, na usumbufu wa kukosa zuio uwe mkubwa kuliko ule wa kulitoa. Zuio likitolewa haliwezi kuzidi miezi 6. Linaweza kuongezwa, lakini jumla isipite mwaka mmoja. Kesi inaweza kuchukua muda mrefu kuliko huo, kwa hiyo wekeni tarehe kwenye kalenda na muombe nyongeza kabla halijaisha. Kosa kubwa ni kuomba "hali ibaki kama ilivyo". Hali ilivyo leo ni ipi? Wa zamani wamekaa ofisini. Amri ya namna hiyo inawalinda wao. Ombeni mambo mahususi: akaunti ipi itumike, nani asaini, malipo gani yaruhusiwe, mkuu yupi wa shule aendelee hadi hukumu, na hesabu ziwasilishwe mahakamani kila baada ya muda fulani. Ikiwa uaminifu umekwisha kabisa, mahakama inaweza kuteua msimamizi wa muda wa mali asiye wa upande wowote.

Naye wakili wenu amwandikie wa wenzenu sasa hivi, hata kabla ya kesi, kupendekeza makubaliano ya mpito ya ukurasa mmoja: ada zote ziingie akaunti moja, watia saini wawili kutoka kila upande, malipo yawe ya mishahara, chakula, maji, umeme, na ada za mitihani tu. Benki iliyopokea barua mbili zinazopingana huogopa kulipa upande wowote, lakini barua moja yenye sahihi za pande zote mbili inaipa pa kusimama. Kesi ikiwa tayari mahakamani, makubaliano hayo yasajiliwe yawe amri ya mahakama, ili atakayeyavunja aulizwe na jaji. Nywila ya mfumo wa kusajili watahiniwa wa kidato cha nne nayo itajwe humo. Mtoto aliyekosa kusajiliwa kwa sababu watu wazima wawili walinyang'anyana kompyuta hawezi kurudishiwa mwaka wake na hukumu yoyote, na jambo hili lazima liziume pande zote kuliko viti vya wadhamini.

Msivunje kufuli, msibadilishe kufuli, msitume vijana kulinda geti. Kuingia kwa nguvu hugeuza shauri la madai kuwa la jinai, na mkija kuomba zuio mtaulizwa mnatafuta haki huku mikono yenu ikoje.

Mgogoro wa nne ni wa ajira, yaani wakuu wa shule wawili: mwajiri ni bodi ya wadhamini, si mtu aliyesaini barua. Aliyeachishwa anaweza kwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, na kwa kuachishwa kazi isivyo halali ana siku 30 tu tangu aachishwe. Walimu wasiolipwa mishahara wana siku 60 kwa madai yao. Madeni haya yatabaki juu ya bodi hata nani ashinde, na yatalipwa na mali ileile mnayoigombania.

Mwisho, andikeni nafuu mnazoomba, yaani amri mnazotaka mahakama itoe, kwa kufikiria siku ya hukumu. Muda wa wadhamini ukiwa miaka mitatu, hukumu inaweza kutoka wakati muda wa waliochaguliwa mwaka jana umekwisha, mkawa mmeshinda uchaguzi uliopitwa na wakati. Kwa hiyo, pamoja na tamko la nani halali, ombeni amri ya mkutano wa uchaguzi ndani ya siku zitakazotajwa, kwa daftari la wanachama lililokubaliwa na chini ya msimamizi asiye mgombea. Ombeni pia amri ya makabidhiano iliyotaja vitu kwa majina: lakiri, cheti cha wadhamini, cheti cha usajili wa shule, hati ya kiwanja au ya wakfu, vitabu vya hesabu na taarifa za benki, mikataba ya walimu, daftari la mali, na funguo.